Mche na Udongo Wake

Swali lake la kwanza halikuwa la pesa. Nilikuwa nimetoka Bungoma na kompyuta ya mezani, nimeipakata kwenye matatu kama mtoto mgonjwa, Webuye, Misikhu, Kamukuywa, Kiminini, mpaka Kitale. Fundi yule kijana alikuwa hajafungua hata skrubu moja aliponitazama na kuuliza: "Mwalimu, huyu mwenye gemu, akimaliza kucheza kumbukumbu zake anaziacha wapi?"

Sikujua. Nilichojua ni kwamba michezo imo ndani ya kompyuta kama mahindi yalivyo ghalani, na kwamba ghala limejaa tena lina ufa.

"Basi tutafute kwanza," akasema. "Tukisahau kitu hapa, hatutapata nafasi ya kurudi kukichukua."

Kompyuta ni ya mpwa wangu, mwana wa dada yangu, aliye kidato cha tatu. Ni Dell OptiPlex iliyotumikia ofisi fulani ng'ambo kabla ya kuuzwa huku, kama zilivyo kompyuta nyingi za mezani mitaani kwetu. Ndani mna diski mbili. Ya kwanza ni SSD ndogo iliyobeba Windows, nayo kompyuta huiita C. Ya pili ni diski ngumu ya kuzunguka ya gigabaiti 500, inaitwa D, na humo ndimo michezo ilimo. Windows huisoma kuwa na gigabaiti 465. Hakuna aliyeiba zile 35. Kiwanda huhesabu kwa elfu elfu na Windows huhesabu kwa 1,024. Utepe wa kuonyesha nafasi ulikuwa mwekundu toka mwanzo hadi mwisho, na hilo tungelivumilia. Lakini wiki ile diski ilianza kugonga: tk, tk, kimya, kisha tk tena, kama mtu anayebisha hodi na hafunguliwi.

Mtu wa mji wenye intaneti ya kasi angesema: nunua diski mpya, pakua kila kitu upya. Tupige hesabu. GTA V ilipofika kwenye kompyuta mwezi wa Aprili 2015 ilidai nafasi ya gigabaiti 65. Leo imepita 100. Kwa laini ya megabiti 10 kwa sekunde, isiyokatika wala kupunguza mwendo, gigabaiti 100 huchukua saa 22 na dakika kadhaa. Huo ni mchezo mmoja, na bando hujalihesabu. Kutoka diski hadi diski, kwa mwendo wa megabaiti 100 kwa sekunde ambao diski ya kuzunguka yenye afya huufikia bila kutoa jasho, mzigo huo huo huvuka kwa dakika 17. Ndiyo maana kazi hii ya kuhamisha michezo imepata mafundi huku kwetu. Nami naona inastahili kutazamwa kwa makini, kama tunavyomtazama mshonaji akigeuza koti kuukuu likawa la mtoto.

Mpwa wangu alikwisha kuumia mara moja. Mwaka juzi tulimpa mtu mashine hii hii. Akaona Windows imezeeka, akahamisha folda zote za michezo kutoka C kwenda D, akaisafisha C, akaweka Windows mpya. Kwa macho hakuna kilichopotea. Michezo yote ilikuwa D, mizito vilevile. Lakini kijana alipofungua Minecraft alikuta nyika tupu. Hapo palikuwa na boma alilolijenga na dada yake mdogo kwa likizo nzima, boma la kukhu yao, yaani nyanya yao, wa Chwele: nyumba ya mabati, zizi, ghala la mahindi lililoinuliwa juu ya miguu minne, mparachichi mbele ya jiko. Mtu yule hakuwa mwizi. Hakujua tu kwamba Minecraft haiweki dunia zake pamoja na programu yenyewe. Huziweka kwenye folda iliyofichwa, ndani ya AppData, kule kule C alikokusafisha. Watoto walilia, kisha likizo iliyofuata wakajenga upya.

Mama yangu alipokuwa akihamisha miche ya sukuma wiki kutoka kitaluni, hakuing'oa. Alimwagilia kitalu jioni, na asubuhi na mapema alipitisha kijiti chini ya mizizi, akainua kila mche na donge lake la udongo. Tulipokuwa tukimsaidia, mikono yetu ya haraka ilileta majani matupu na mizizi iliyo uchi, naye aliitenga miche hiyo kando bila kutukaripia, maana alijua itanyauka kabla ya saa sita.

Mchezo wa kompyuta nao una donge lake. Folda kubwa yenye magigabaiti ndiyo majani. Udongo umetawanyika kwingine: kumbukumbu za mchezaji zimo Documents au AppData, michezo mingine, hasa ya zamani, huandika anwani ya makao yake ndani ya rejista, daftari kuu la Windows, mingine hutegemea vipande vya programu vilivyowekwa kwenye mashine zamani, na ukiipeleka ugenini hukwambia MSVCP140.dll haipo, kisha hunyamaza. Hata duka ulikoununua mchezo lina hati zake. Steam huandikia kila mchezo faili fupi ya maandishi yenye namba ya mchezo huo. Euro Truck Simulator 2 ni 227300, kwa hiyo hati yake inaitwa appmanifest_227300.acf. Ukibeba malori yote na barabara zote za Ulaya ukaisahau hati hiyo ya kilobaiti chache, Steam itakutazama na kusema mchezo haujawekwa.

Benchi la fundi wangu liko kwenye korido ya ghorofani, dirisha lake linatazama barabara ya mikokoteni na bodaboda. Kabla ya kitu kingine alisoma afya ya diski. Kila diski hujiandikia ripoti ya maradhi yake, iitwayo SMART, na programu ndogo ya bure huweza kuifungua. Akanionyesha mstari mmoja kwa ncha ya bisibisi: idadi ya sekta zilizohamishwa. Diski ikigundua kipande chake kimeharibika hukiacha na kutumia kingine cha akiba, na namba ile ndiyo hesabu ya makovu. Diski nzima huwa na sifuri. Ya kwetu haikuwa sifuri, na ilikuwa imeongezeka tangu mpwa wangu alipoipiga picha wiki moja kabla.

"Hii tutaisoma mara moja tu," akasema. "Hatutaiambia iandike, wala ifute."

Uamuzi huo ulibadilisha kazi yote. Tangu 2017 Steam ina njia yake yenyewe ya kuhamisha mchezo: unachagua mchezo, unachagua diski, unangoja. Fundi anaisifia njia hiyo na huitumia kwa wateja wenye diski nzima. Lakini hiyo hunakili kisha hufuta kule nyuma, naye hakutaka kufuta chochote kwenye diski inayougua. Tena nusu ya michezo ya mpwa wangu haikutoka Steam.

Kisha akaanza kutafuta udongo. Ndani ya Documents alikuta folda ya GTA San Andreas, mchezo uliofika kwenye kompyuta mwaka 2005 na ambao bado hauchuji katika nyumba zetu, na kando yake folda ya Euro Truck. Ndani ya hiyo ya pili kulikuwa na wasifu wa dereva, na jina la folda ya wasifu lilikuwa 456C676F6E. Mimi niliona takataka. Yeye akaweka kidole kwenye kioo, akasoma kama mtu anayesoma kibao cha matatu: "45 ni E. 6C ni l. 67 ni g. 6F ni o. 6E ni n. Elgon." Mchezo ule huandika majina ya madereva kwa tarakimu za msingi wa 16, na kijana wetu alikuwa amejiita kwa jina la mlima anaouona kila asubuhi. Mtu asiyejua hilo angeweza kuifuta folda hiyo akidhani ni uchafu uliobaki.

Minecraft ndiyo iliyonifanya nimheshimu. Alifungua folda iliyofichwa kule C, na dunia ilikuwepo. Mimi nilishusha pumzi. Yeye akatazama tarehe.

"Mwenyewe alicheza lini mara ya mwisho?"

"Juzi."

"Basi siyo hii. Hii haijaguswa tangu Agosti."

Akafungua mipangilio ya Minecraft yenyewe, mahali ambapo mchezaji anaweza kuchagua folda nyingine ya kuhifadhia, na pale palikuwa pameandikwa njia ya kwenda D. Baada ya msiba wa kwanza kijana alikuwa amehamisha dunia yake kwa mkono wake mwenyewe, akiamini D ndiyo diski salama, na hakumwambia mtu. Huko D tuliikuta: folda iliyoitwa Boma la Kukhu, tarehe ya juzi. Ndani yake mlikuwa na faili chache tu zenye uzito. Minecraft huikata ardhi yake katika miraba ya matofali 512 kwa 512, na kila mraba ni faili moja. Mbili ndizo zilizokuwa nene, r.0.0.mca na r.-1.0.mca. "Hizi ni jirani," akasema fundi. "Zinakutana kwenye sifuri." Akazinakili kwenye flashi kabla ya kitu kingine chochote, pamoja na Elgon na San Andreas, akaitoa flashi ile na kuitia mfukoni mwa shati.

Diski mpya ilikuwa SSD ya terabaiti 1. Aliichomeka kwa kebo ya USB kwenye tundu la buluu, lile lenye kasi, akaipanga kwa NTFS, mpangilio ambao Windows imekuwa nao tangu 1993. Flashi kuukuu hupangwa kwa FAT32, ambayo haipokei faili moja inayofika gigabaiti 4, na wengi hupoteza mchana mzima wakilaumu mchezo.

Hakuburuta folda kwa kipanya. Alifungua dirisha jeusi akaandika mstari mmoja unaoanza na robocopy, programu iliyomo ndani ya Windows tangu siku za Vista na ambayo wenye kompyuta wengi hawajawahi kuiita. Nilimwomba anifafanulie kila alama, naye akafafanua bila kuniharakisha. Moja iliagiza folda zote zichukuliwe, hata zilizo tupu. Nyingine iliagiza faili ikikatizwa katikati iendelee pale ilipokatikia. Ya tatu ndiyo aliyoisemea kwa mkazo. Robocopy isipoelekezwa, ikikutana na faili isiyosomeka hujaribu tena mara 1,000,000, na kila mara hupumzika sekunde 30. Nilipiga hesabu kwenye simu nikiwa pale pale: siku 347 kwa faili moja. Kwenye diski nzima haina madhara, maana haifiki huko. Kwenye diski inayogonga, ni kuipigisha kichwa ukutani hadi ife. Yeye aliandika ijaribu mara mbili, ipumzike sekunde tano, iandike jina la faili iliyoshindikana na kusonga mbele.

"Mgonjwa humuulizi swali moja mara milioni," akasema.

Saa tano asubuhi ikaanza.

Ukikaa karibu na kazi hiyo utasikia tofauti ya mizigo. Faili kubwa zinapopita, diski huvuma kwa sauti moja, karibu kama mashine ya kusaga posho mbali kijijini. Zinapofika faili ndogo ndogo, huanza kukwaruza na mwendo huporomoka. Sahani za diski hiyo huzunguka mara 7,200 kwa dakika, yaani 120 kwa sekunde. Kila faili ndogo hukilazimu kichwa kinachosoma kuhama, kisha kungoja mahali panapotakiwa pazunguke mpaka chini yake. Ukikadiria milisekunde 12 kwa faili, faili 100,000 ni dakika 20 za kungojea tu, kabla hata ya kusoma. SSD haina sahani wala kichwa, haingojei chochote kizunguke, na ndiyo sababu watengenezaji wameanza kuidai waziwazi. Cyberpunk 2077 ilifanya hivyo 2023. Diski ya kwanza ya kuzunguka, ile ya IBM ya 1956, ilikuwa na sahani 50, kila moja na upana wa sentimita 61, na zote kwa pamoja zilibeba herufi milioni tano. Wimbo mmoja wa redio za San Andreas ungeisumbua. Lakini kanuni ni ile ile iliyokuwa ikikwaruza mbele yangu Kitale: kichwa kinasogea, kinangoja, kinasoma.

Katika kungoja huko nilimkumbuka fundi mwingine, mama mmoja wa Bungoma, ambaye kibanda chake kiko upande wa stesheni ya reli na wateja wake wengi ni wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Kibabii. Wao huja na laptopu zenye SSD ya gigabaiti 256 na mchezo mmoja uliokula nusu ya nafasi. Hawataki kuhamisha kila kitu. Wanataka huo mmoja tu uondoke, tena wakati mwingine ni mchezo unaokataa kuishi pengine, ulioandika anwani yake ya C kila mahali.

Kwa kazi hiyo mama yule hutumia kitu ambacho Windows imekuwa nacho tangu 2000, nacho nimekipenda tangu aliponionyesha. Hunakili folda ya mchezo hadi D. Ile ya C haifuti. Huibadilisha jina tu, akiongeza neno "kale" mwishoni. Kisha kwa amri fupi, mklink na herufi J, hutengeneza mahali pale pale C kitu chenye jina la zamani la folda. Ukikitazama ni folda. Ukikifungua umo ndani. Lakini hakina kitu. Ni mlango uliosimamishwa C unaofunguka ndani ya D. Mchezo hubisha kwenye anwani iliyouzoea, huingia, hukuta kila chombo mahali pake, na haujui kwamba umevuka diski.

"Na akichomoa hiyo diski ya pili?" nilimuuliza siku ile.

"Ndiyo sababu nawauliza kwanza, mwalimu. Kama ni diski ya ndani, nafanya. Kama ni ya kuchomeka kwa USB, siku akiisahau hosteli mlango utafunguka kwenye shimo. Huyo namwambia anunue ya ndani au avumilie."

Ana ujanja wake pia kwa michezo ya Epic. Huanza kuuweka mchezo upya mahali papya, huacha upakue asilimia moja mbili, husimamisha, hufunga, humwaga faili za zamani juu ya hizo chache, kisha huruhusu uendelee. Programu hukagua, hugundua karibu kila kitu kimekwisha kufika, na bando la mwanafunzi linabaki salama. Folda yenye neno "kale" hulala usiku mmoja kabla ya kufutwa. Sijawahi kumwona akiifuta siku ile ile, hata mteja akilalamika kwamba nafasi haijaongezeka.

Kama saa sita na nusu mvua ilifika Kitale kwa kishindo, na stima ikapotea. Korido nzima iliguna. Kifaa cha UPS chini ya benchi kikaanza kulia, nami nikasimama kana kwamba kusimama kungesaidia. Fundi alibonyeza vitufe viwili, dirisha jeusi likasimama. Akaizima kompyuta kwa utaratibu wake, akazima UPS, akamwita mama wa chai.

"Tumepoteza kiasi gani?" nikauliza.

"Hatujapoteza kitu. Kwanza ilihitaji kupoa."

Tulikunywa chai ya maziwa na mandazi huku maji yakimiminika kwenye mabati. Akaniambia mapema katika kazi hii aliwahi kushindana na stima, akaamini betri itatosha, ikazimika katikati ya kuandika, na ilimgharimu wiki mbili kumtafutia mteja vilivyoharibika. Alisema hivyo bila kujitetea. Nadhani utulivu niliouona ulitoka huko.

Stima iliporudi aliandika mstari ule ule, neno kwa neno. Robocopy ilipita kwenye maelfu ya faili ikiyaruka bila kuyagusa, kwa kuwa ukubwa na saa zake zililingana na zilizokwisha kufika, hadi ikafika pale ilipokatizwa, ikashika kazi. Ilipomaliza, alifungua orodha ya zilizoshindikana. Tatu. Mbili zilikuwa za mchezo wa malori, nazo hazikumsumbua: Steam huweza kukagua mchezo uliowekwa, kulinganisha kila faili na orodha yake, na kupakua pungufu peke yake. Ya tatu ilikuwa ya San Andreas, faili ya sauti, na hiyo haina duka la kuiombea. Aliichomoa ile diski nje, akaiacha mezani ipoe nusu saa, akairudisha, akaagiza faili hiyo moja tu isomwe. Tk. Kimya. Tk. Ikapita. Akalinganisha idadi ya faili na jumla ya baiti pande zote mbili, kisha akachagua faili kumi kubwa na kuzipigia hesabu ya SHA-256 huku na huku, msururu wa alama 64 ambao hubadilika hata baiti moja ikikosea. Zote kumi zililingana. Mimi ningekuwa nimeridhika na jumla.

Kisha ikaja sehemu ambayo sikuitarajia, nayo ilichukua dakika tano tu. Alizima kompyuta, akatoa diski ya zamani, akafunga SSD mpya kwa kishikizo kwenye nafasi ile ile, akachomeka nyaya zile zile. Akawasha. Windows ikaipokea diski ngeni na kuipa herufi E. Akaingia kwenye ukurasa wa kusimamia diski, akaiondolea E, akaipa D.

Basi. Rejista ilikuwa imeandika D. Steam ilikuwa imeandika D. Minecraft ya kijana yule msiri ilikuwa imeandika D. Njia za mkato zote kwenye kioo zilielekea D. Kwa kuwa alikuwa amehamisha diski nzima bila kubadilisha mpangilio wa folda hata moja, kilichobaki kilikuwa kumpa mgeni jina la aliyeondoka, na kila aliyekuwa akimtafuta wa zamani akampata. Hakurekebisha mchezo mmoja mmoja. Saa zote zile za kukagua tarehe na kupoza diski zilikuwa za kufanya herufi ile moja itoshe.

Tulijaribu kila kitu. Steam ilikagua malori, ikapakua megabaiti 60 hivi na kunyamaza. Elgon alikuwa Rotterdam, Scania yake imeegeshwa pale alipoiacha, rangi aliyoichora mwenyewe ubavuni. Kupakia mchezo, ambako nyumbani tulikuwa tukienda kuteka maji na kurudi, kulichukua sekunde 20 kwa saa ya mkononi mwangu.

Boma aliliacha hadi mwisho. Lilifunguka saa ya jioni ya kule ndani, jua jekundu nyuma ya ghala. Fundi alibonyeza F3, namba zikajaa pembeni mwa kioo, akaingia zizini na kutembea polepole kati ya ng'ombe. Akanionyesha namba moja: 3, 2, 1, kisha sifuri, kisha ikaingia hasi. Mpaka wa zile faili mbili ulikuwa unapita katikati ya zizi.

"Ungebeba moja ukaacha nyingine," akasema, "ng'ombe wangebaki nusu."

Alicheka kwa furaha kabisa, na akarudi nyuma akauvuka mpaka ule mara ya pili.

Diski ya zamani hakunipa hivi hivi. Aliitia kwenye mfuko wake wa kuzuia umeme tuli, akaukunja, akabandika karatasi yenye gundi na kuandika kwa kalamu nzito tarehe ya siku ile, na chini yake: ISIGUSWE HADI JUMAPILI. Flashi aliitoa mfukoni mwa shati akanikabidhi kando. Akaniagiza kijana acheze kila mchezo, ahifadhi, azime kompyuta usiku, awashe tena asubuhi, siku tatu mfululizo.

Jumapili jioni nilimpigia simu kutoka Bungoma. Aliuliza kuhusu malori, nikamwambia yamefika Prague. Aliuliza kama mashine imewahi kusema haioni D, nikamwambia bado. Alipouliza kuhusu boma nilimpa mpwa wangu simu, nao wakaongea kwa muda mrefu kuliko nilivyotarajia. Dada mtu alikuwa ameongeza banda la kuku upande wa pili wa sifuri. Simu iliporudi kwangu fundi alikuwa bado anacheka.

"Haya, mwalimu," akasema. "Hiyo karatasi sasa unaweza kuibandua."